Jeneza la Bwana Mamba

Hapo zamani za kale, sogeeni karibu, na wewe acha kucheka, ng'ambo ya bahari palikuwa na kisiwa cha miwa, na aliyekitawala alikuwa Mamba. Kazi yake? Kuuza majani ya usingizi! Leo ukiyavuta unacheka, kesho unasinzia, keshokutwa umesahau hata kulisha watoto wako.

Lakini Mamba alikuwa na akili. Kila Krismasi alilisha mtaa mzima, na kila msiba aligharamia yeye. Inspekta Mbwa alipouliza, "Nani anauza majani hapa?" wanyama wote walitazama chini. Wewe ungethubutu kumtaja mwenye meno yale?

Mpishi wake alikuwa mama mmoja mdogo, mwepesi wa miguu, aitwaye Nguchiro. Asubuhi moja Mamba alimwambia huku akitafuna samaki, kacha! kacha!

"Binti yako Koko amekua. Jumatatu ataanza kuniuzia majani."

Koko wake! Mtoto wake wa pekee! Lakini Nguchiro alitabasamu.

"Umetuheshimu, Bosi. Ila Inspekta Mbwa anakunusa kila kona. Kwa nini usife?"

"Nini?" Samaki akamtoka mdomoni.

"Kufa kwa uongo, Bosi! Tunakuzika, Mbwa anafunga faili lako, watu wakitawanyika nakufukua. Tena utasikia kwa masikio yako jinsi kisiwa kinavyokulilia."

Hapo akamnasa! Mamba alipenda sifa kuliko samaki.

"Watalia sana?"

"Mpaka wazimie!"

"Basi nataka jeneza la mbao za mkangazi! Linibane vizuri nisibingirike, na misumari iwe minene, lisije likafunguka njiani nikaaibika."

"Na tundu la kupumulia, Bosi."

"Ehee! Usisahau tundu."

Jumamosi Nguchiro alitoka mbio barabarani. "Uwiii! Uwiii! Bosi katutoka!" Mafundi wakagonga misumari, ko! ko! ko! Kisiwa kizima kikaja, na nyuma kabisa akasimama Inspekta Mbwa, kwa sababu Nguchiro alikwishamnong'oneza, "Njoo na daftari."

Sasa, kisiwa kile kilikuwa na desturi. Mbele ya jeneza kila mtu husema neno la kweli juu ya marehemu, na kudanganya mbele ya maiti ni mwiko mkubwa. Mamba aliijua desturi hiyo, misiba mingapi alihudhuria! Lakini hakuogopa, maana aliamini kabisa kwamba anapendwa. Alijilaza gizani akisubiri vilio.

Mchungaji Mwari, yule ndege mwenye mfuko mdomoni, akauliza, "Jamani, marehemu mlimjuaje?"

Kisha Mama Mbuzi akajitokeza.

"Alimpa mume wangu majani mpaka akawa halijui jina langu. Haya, nimesema!"

"Ghala lake liko nyuma ya kiwanda cha sukari," akadakia Bata. "Nimebeba magunia mwenyewe!"

"Alinivunja mguu nilipokataa kuuza!" akalia Mjusi.

"Na mimi!" "Na mimi pia!" Wee! Maneno yalimwagika, na kalamu ya Mbwa ikakimbia, chwa-chwa-chwa.

Mara, ngo! ngo! ngo! Jeneza likatikisika.

"Waongo wakubwa! Krismasi mlikula kwa nani? Nitawatafuna mmoja mmoja!"

"Mamaaa! Maiti!" Waombolezaji wakatimua mbio, Mwari akajikuta juu ya mnazi.

Mamba alitaka kupiga mkia, mkia umebanwa. Alitaka kupanua taya, taya limegota kwenye mbao. "Nguchiro! Nifungulie!"

Nguchiro alirukia juu ya jeneza, puu! Akainamia lile tundu.

"Haliwezi kufunguka, Bosi. Mafundi walifuata maagizo yako yote."

"Kwa nini umenifanyia hivi? Mimi niliyekulisha!"

"Ulimtaka Koko," akasema Nguchiro.

Inspekta Mbwa akafunga daftari lake, akawageukia waombolezaji waliokuwa wakirudi kuchungulia. "Miaka yote nilikosa shahidi, leo nimepata kisiwa kizima. Mbebeni hivyo hivyo mpaka gerezani!"

Wakambeba wakiimba, huku Mamba akitukana ndani njia nzima. Jumatatu ilipofika, Koko alikwenda shule.

Kwangu mimi yameishia hapo, na ninyi shikeni hili: anayeogopwa na watu asidhani kwamba wanampenda.