Mwezi Uliomezwa na Kifaru

Hapo zamani za kale, kabla mtu hajafikiria kuhesabu miezi kwa kutazama juu angani, wanyama wa bonde la Kirunge walihesabu yao kwa mimea. Na mimea yenyewe, wajukuu, haikuwa hii mnayoikanyaga mkienda chooni. Kulikuwa na Mng'ao, matunda yake yakiiva yanawaka kama taa, na huo ndio mwezi wa harusi. Kulikuwa na Mkoromo, majani yake yakikunjuka yanakoroma, khoo, khoo. Na kulikuwa na Mcheko. Huo ua lake likichanua linacheka, kwi kwi kwi, bonde zima linasikia.

Hata umri ulihesabiwa hivyo. Bi Kanga alidai amezaliwa Mng'ao wa juzijuzi tu, lakini shoga zake walijua ni Mng'ao wa zamani sana. Tuyaache hayo.

Mila yao ilikuwa hivi: mwezi wa Mkoromo, chemchemi ni ya wakubwa, akina Kifaru na Nyati. Wadogo wanakunywa maji waliyoweka kwenye vibuyu. Ukiingia mwezi wa Mcheko, wakubwa wanaondoka, wanakwenda kunywa kwenye bwawa la mbali, na chemchemi inakuwa ya wadogo. Lakini mwezi hauingii mpaka ua licheke, na Twiga, mwenye shingo ya kuona mbali, atangaze.

Mwaka huo ua halikucheka.

Siku zikaenda, Mkoromo ukaendelea. Vibuyu vikakauka. Bi Pimbi, mama mwenye mwili mdogo aliyeishi kwenye mawe ya juu, akawa analamba umande kwenye jiwe ili apate maziwa ya kumnyonyesha mwanawe, Kishungi. Mtoto hata kulia alikuwa halii tena. Anapumua tu.

Asubuhi moja Bi Pimbi yuko pale juu analamba, akamwona Kifaru anatembea kwa vidole kama mwizi wa mboga. Kifaru akasogea kwenye mmea wa Mcheko, akatazama huku na huku, akalikata tumba la ua, nywa. Akalitafuna, tafu tafu, akafuta mdomo.

"Kumbe mwezi unaliwa," akasema Bi Pimbi peke yake.

Je, angemshtaki? Nani amsikilize pimbi mbele ya kifaru? Angekanyagwa kabla hajamaliza kusema. Akajifunga kanga yake vizuri, akashuka.

"Shikamoo, bwana mkubwa."

"Marahaba. Kama umefuata maji, rudi. Ua halijacheka."

"Maji ya nini? Mimi nimekuja kwa ajili yako. Ila mimi si mtu wa kubeba maneno, naomba niende zangu."

Akageuka. Kifaru akamzibia njia. "Maneno gani?"

"Basi tu. Wake wa Nyati."

"Wamesemaje wake wa Nyati?"

"Mimi sikuwepo, nilipita tu. Wanasema pembe yako inapungua. Mmoja akasema imebaki kama muhogo uliochimbwa kabla ya wakati wake. Wakacheka mpaka wakakaa chini. Mimi nikawaambia, mwacheni mzee wa watu."

Kifaru akaigusisha pembe yake kwenye mti, taratibu, kuipima. "Inapungua kweli?"

"Kwa mbele haionekani sana," akasema Bi Pimbi. "Lakini dawa ipo. Marehemu bibi yangu alikuwa akiwapa watu. Unatafuta tumba changa la ua, lolote tu, unalimeza zima. Ukilitafuna umeharibu dawa. Halafu unakunywa maji mpaka tumbo likaze kama ngoma."

"Tumba la ua lolote?"

"Lolote. Wewe utalipata wapi, sijui."

Kifaru akakohoa, akatazama pembeni.

Asubuhi yake Mcheko ukatoa tumba jingine, Kifaru akalimeza zima, gubu. Akanywa maji mpaka akawa hawezi kuinama. Bi Pimbi akamwendea Twiga, akamwomba aite baraza.

Baraza likakaa. Nyati akaanza kwa kukoroma puani. "Hawa wadogo nao. Kuna aliyeona ua?"

"Mimi ndiye jirani wa mmea," akasema Kifaru. "Nimetazama leo asubuhi. Hakuna ua wala..."

Kwi kwi kwi.

Wanyama wakatazamana. Kifaru akafunga mdomo. "Ni gesi," akasema. "Nimekula maharage."

"Maharage yako yana furaha," akasema Bi Pimbi.

Kwi kwi kwi kwi. Safari hii tumbo zima likatikisika. Twiga akainamisha shingo yake ndefu, akaweka sikio ubavuni mwa Kifaru. Akasikiliza. Akainuka polepole.

"Ua la Mcheko limechanua. Mwezi umeingia."

"Limechanua ndani!" Kifaru akapiga kelele. "Ndani hakuhesabiwi."

"Mila inasema licheke," akajibu Twiga. "Haikusema wapi."

Wadogo hawakungoja neno la pili. Pukupuku, pukupuku, wakamiminika chemchemini, sungura juu ya kobe, kobe juu ya panya. Bi Pimbi alifika wa kwanza, akamnywesha Kishungi tone kwa tone, mpaka mtoto akapata nguvu ya kupiga ukelele ulioziba masikio ya mama yake. Alivyoufurahia ukelele ule, msiniulize.

Wakubwa wakashika njia ya bwawani, Nyati akimtukana Kifaru kila hatua. Mwezi ukapita urefu wake, ua likicheka tu, na maadamu linacheka bado ni Mcheko. Kifaru akarudi kwa Bi Pimbi, amekonda.

"Shemeji, litanyauka lini?"

"Ukiacha kulimwagilia."

"Nalimwagilia saa ngapi mimi?"

"Kila unapokunywa maji, bwana mkubwa," akasema Bi Pimbi, akajitumbukiza chemchemini, chubwi.

Basi, wajukuu, ukiimeza haki ya mwenzio, usidhani imekufa humo tumboni.