Digidigi na Duara la Siafu

Hapo zamani za kale, wanangu, wanyama walipokuwa bado wakifagia nyua zao na kualikana chakula, Digidigi aliishi katika kichaka kando ya chemchemi. Mnamjua Digidigi? Ni swala mdogo, mdogo kabisa. Akisimama nyuma ya fungu la majani huoni kitu ila macho.

Nyumba yake ilijengwa na mkewe. Ni mkewe aliyechagua miiba ya kuizungushia, ni mkewe aliyeisiliba sakafu kwa udongo mwekundu, na alama za kwato zake zilikuwa zimekauka pale mlangoni, alipogeuka kuitazama kazi yake. Kisha mvua za vuli zikaja, akaugua, akafa. Tangu hapo Digidigi alifagia kila asubuhi, na akifika mlangoni alizizunguka alama zile kwa upande wa nje, asizifute.

Basi kiangazi kikaingia, kikali.

Katika nchi ile, kiangazi kikiwa kikali, wanyama hawakutoana roho kwa ajili ya chemchemi. Walicheza Mchezo wa Kubaki. Waliotaka waliingia katika uwanja wa nyasi ndefu, kila mmoja na shada la ukindu shingoni. Ukivuliwa shada, umetoka. Na pande zote za uwanja walijipanga siafu. Kila Korongo alipolia kutoka juu, siafu walisogea ndani, chwa-chwa-chwa, na duara likapungua. Siafu wakikutimua, umetoka pia. Atakayebaki peke yake ndiye atakayechagua makao yake kando ya chemchemi, na hakuna wa kumpinga mpaka mvua.

Asubuhi moja Digidigi alisikia udongo ukitikisika. Tifu! Tifu!

"Hodi! Wenyewe mpo, au nimebisha hodi kwa sisimizi?"

Alikuwa Nyati. Digidigi akatoka mbio. "Shikamoo, babu Nyati."

"Marahabaaa!" Nyati aliitikia kwa sauti iliyowarusha ndege mtini. Hakuna kitu alichokipenda kama kuamkiwa. Ukimwamkia akiwa usingizini, aliitikia usingizini. "Mjukuu, nimekuja kupima."

"Kupima nini, babu?"

"Dimbwi langu. Hiki kichaka nitakivunja, hapa pakanyagwe pakanyagwe mpaka pawe tope laini. Halafu nijilaze hivi, na hivi." Akakanyaga kando ya mlango, tifu, na ufa mwembamba ukatambaa sakafuni.

"Na mimi, babu, niende wapi?"

"Wewe unaenea popote. Hata chini ya uyoga!" Nyati akacheka, akaenda zake.

Jirani yake, Bi Pimbi, alikuwa amekaa juu ya jiwe lake, amesikia yote. Bi Pimbi alikuwa mtani wa Digidigi, na mtani hana simile.

"Umesimama tu kama mgomba," alisema. "Ingia mchezoni!"

"Mimi? Nishindane na Nyati? Na Chui?"

"Una pembe."

"Pembe hizi, Bi Pimbi?"

"Basi, za kujikunia. Lakini ni pembe. Ingia, na mimi nitaingia nawe. Ukitolewa, angalau nione kwa macho yangu, nipate cha kusimulia."

Digidigi aliutazama ule ufa. Ulikuwa umefika karibu na alama ya kwato ya kwanza. Akasema, "Nitaingia."

Siku zilizobaki alizitumia kutembelea wenzake. Wengine walipokwenda kwa mabingwa wa zamani kuuliza walishindaje, yeye alikwenda kwa walioshindwa, akawauliza walitokaje.

"Mimi?" alisema Ngiri. "Nilikimbilia lundo la silaha linalowekwa katikati ya uwanja. Tulifika wote pamoja. Sikumbuki yaliyofuata."

"Mimi nilimvua Pundamilia shada," alisema Fisi, "nikashangilia. Nikiwa bado nashangilia, mtu akanivua langu kwa nyuma. Lakini nilikuwa nimeshinda, au sikushinda?"

"Mimi nilingoja siafu wafike ndipo nihame," alisema Nungunungu, akijikuna. "Nikahama pamoja na wote, kwa njia moja. Mwiba kwa mwiba."

Digidigi aliwashukuru, akarudi nyumbani akiwaza.

Siku ya mchezo, katikati ya uwanja palikuwa na lundo: marungu, ngao za ngozi, vibuyu vya maji. Korongo alipaa, akazunguka, akalia: "Kraaa! Haya!"

Lo! Vumbi! Wakubwa wote walitimka kuelekea lundoni. Pu! Pa! Ngao juu ya ngao, rungu juu ya pua. "Niachie!" "Achia wewe!" "Hilo rungu langu!" "Kwani limeandikwa?" Kabla vumbi halijatua, robo ya wachezaji walikuwa nje, wameshika shingo tupu.

Digidigi na Bi Pimbi walikuwa wameingia upande wa pili kabisa, penye majani marefu na hakuna cha kugombea. Digidigi hakuchukua kitu ila matone ya umande.

"Hatuchukui hata rungu?" alinong'ona Bi Pimbi.

"Nikilibeba nitalipiga nani? Na nikilibeba nitakimbiaje?"

"Mwoga wewe."

"Naam. Twende, tusogee ndani."

"Korongo hajalia!"

"Ndiyo maana njia ni tupu."

Wakasogea taratibu, wakajilaza. Punde Korongo akalia, siafu wakaingia chwa-chwa-chwa, na wanyama waliokuwa pembezoni wakaja wakikimbia kwa mkupuo, wakagongana wao kwa wao. Tena pu, tena pa. Wale wawili wetu walikuwa wamelala kimya majanini, wakiwatazama wakipita.

Akaja Fisi. Safari hii alikuwa amejifunza: hakushangilia. Lakini alikuwa amebeba ngao tatu, moja mgongoni, moja kifuani, moja mdomoni, na hakuona mbele. Akajikwaa. Ngao moja ikamfunika kichwa kama sufuria. "Nani amezima jua?" aliuliza Fisi.

"Bi Pimbi," Digidigi alinong'ona, "usicheke."

"Sicheki," alisema Bi Pimbi, mashavu yamemvimba.

"Nakuomba."

"Sicheki, nimekwambia. Kwi! Kwi-kwi-kwi-kwi!"

Digidigi aliruka pembeni mara moja, akalala. Majani yakayumba kidogo, kidogo sana, kama yaliyopulizwa. Kisha, hwap! Chui alikuwa pale. Shada la Bi Pimbi lilikuwa katika kucha moja, na la Fisi katika kucha ya pili, na Fisi bado alikuwa ndani ya ngao.

"Asante kwa kicheko," alisema Chui kwa upole. "Peke yako, Bi Pimbi?"

"Peke yangu," alisema Bi Pimbi. "Nani atakaa na mimi, na mdomo huu?"

Chui alinusa upande huu, akanusa upande ule. Digidigi hakupumua. Chui akaenda zake, na hakuna jani lililolia chini ya miguu yake. Digidigi akajua: Nyati ni mkubwa, lakini wa kuogopwa ni huyu.

Jua likapanda. Korongo akalia, duara likapungua. Kila mara Digidigi alisogea kabla ya wengine, na kila mara wengine walipigana nyuma yake. Mwisho Korongo akapaza sauti: "Kraaa! Wamebaki watatu! Nyati! Chui! Na... subirini niangalie vizuri... Digidigi!"

Nje ya duara wanyama wakaguna. "Digidigi yupi?" "Yule mdogo?" "Kwani kuna mkubwa?"

Sasa sikilizeni, wanangu. Nyati si mjinga. Alijua Chui anamwinda, basi akajilaza tumbo chini katika majani marefu, akakunja miguu, akanyamaza kimya. Chui naye akanyamaza, akimngoja. Mkubwa kanyamaza, mkali kanyamaza, na siafu walikuwa wanaendelea kuja. Digidigi akaona: wakikaa hivi, duara litawasukuma wote watatu mahali pamoja, na pale Nyati ataugeuza mwili wake mara moja tu, basi, amekwisha. Na mlango wake umekwisha. Afanyeje? Rungu hana. Nguvu hana.

Ila adabu anayo.

Akapanua mdomo, akasema kwa sauti ya mjukuu aliyelelewa vizuri: "Shikamoo, babu Nyati!"

"Marahabaaa!" ilinguruma kutoka majanini. Kisha sauti ileile, ndogo kidogo: "Lahaula! Mdomo wangu!"

Amechelewa. Hwap! Chui alikuwa mgongoni mwake. Basi hapo palikuwa na patashika. Nyati akainuka, akazunguka, akarusha mateke. "Shuka! Shuka, una kucha!" Majani yakalala, vumbi likapanda. Digidigi alikuwa ameshahama zamani. Neno lake halijaisha kusikika, yeye alikuwa upande mwingine, amejibanza nyuma ya tuta.

Shada la Nyati likakatika, taf!

"Nje!" alilia Korongo.

"Aliniamkia!" Nyati alikuwa akilalamika akitolewa. "Ningefanyaje? Nisimwitikie? Watu wangesemaje?"

Na wanyama wote wakatikisa vichwa, maana ilikuwa kweli. Shikamoo haiachwi hewani.

Wakabaki wawili. Duara lilikuwa dogo sasa, dogo kama ua wa nyumba moja. Chui alijilaza tumbo chini, akihema, mkia wake mrefu umenyooka nyuma yake.

"Hongera, mdogo wangu," alisema. "Nimekuelewa. Kumbe silaha yako ni salamu. Haya, toka tumalizane."

Kimya.

"Mwoga! Umejificha kama funza!"

Kimya. Digidigi alikwisha kuitwa mwoga na Bi Pimbi tangu asubuhi; neno hilo halikuwa na makali tena.

Chui akafikiri. Alikuwa na akili, Chui. Akashusha sauti, ikawa laini kama ya jirani aliyekaa msibani. "Digidigi, ndugu yangu. Sikuja kwenye mazishi ya mkeo. Nilikuwa safarini. Pole sana."

Hii, wanangu, ni salamu kama ile nyingine. Mtu akikwambia pole, unamwitikia, "Nishapoa." Digidigi alikuwa amelisema neno hilo vuli yote na kiangazi chote, kwa kila aliyepita mlangoni. Lilikuwa limezoea kutoka lenyewe, kabla hata hajaambiwa pole mara ya pili. Sasa mdomo wake ukafunguka. Ulimi ukainuka.

Akalitafuta lile neno. Halikuwepo.

Maana pale nyuma ya tuta, akiwa amebakiza mruko mmoja tu kuiokoa sakafu yake, alimwona mkewe waziwazi, amegeuka mlangoni, matope kwenye kwato, akiuliza kama rangi imekaa sawa. Na Digidigi alijua kwamba hajapoa. Bado. Basi akafunga mdomo wake polepole, akanyamaza.

Chui alingoja. Alitega masikio yote mawili mbele. Alijua jibu litakuja, kwa kuwa huja siku zote, na aliikunja miguu yake tayari kwa kuruka. Akangoja. Akangoja kwa makini sana, hata Korongo alipolia hakutazama nyuma.

Chwa-chwa-chwa.

"Sijakusikia, ndugu yangu," alisema Chui. "Nimesema po... UUUWI!"

Siafu walikuwa wameufikia mkia. Ule mkia mrefu, mzuri, wenye madoa! Chui akaruka juu, akashuka, akaruka tena. "Nitoeni! Wako ndani! Wamefika mgongoni!" Akatimka kama jiwe la kombeo, akapita juu ya siafu, juu ya Nungunungu, juu ya Fisi aliyekuwa bado anahangaika na ngao, mpaka kwenye chemchemi. Chubwi!

"Kraaa!" alilia Korongo. "Amebaki mmoja!"

Siafu wakasimama. Digidigi akatoka nyuma ya tuta, shada lake shingoni. Kisha Bi Pimbi akapiga vigelegele mpaka sauti ikamkauka.

"Chagua makao!" Korongo alimwambia.

"Nimeshachagua," alisema Digidigi. "Ni palepale pangu."

"Na sisi?" aliuliza Nyati kwa unyonge. "Tukanywe wapi?"

"Kanyweni chemchemini, babu, nani atawazuia? Lakini mzunguke kwa upande wa mawe. Na wewe, tafadhali, kila siku upite mbali kidogo zaidi ya jana."

Nyati akakubali. Angefanya nini? Aliombwa kwa adabu.

Chui alikuja mwisho, amelowa, mkia umevimba kama muhogo. Hakuwa na hasira; mwindaji mzuri humheshimu aliyemponyoka. "Niambie kitu kimoja," alisema. "Kwa pole yangu kila mtu huitikia. Wewe ulijizuiaje?"

"Sikujizuia," alisema Digidigi. "Nilitaka kukuitikia kweli. Nikaona bado."

 Chui akakaa chini, akaukunja ule mkia unaomuuma, akasema tena, na mara hii hakuwa anawinda, "Pole, ndugu yangu."

"Asante," alisema Digidigi.

Akaenda nyumbani na Bi Pimbi, akachanganya udongo mwekundu na maji, akauziba ufa. Bi Pimbi alisema kazi ni mbovu, angefanya vizuri zaidi kwa macho mawili yaliyofumbwa. Wakala mboga, wakacheka.

Hadithi imefika mlangoni, mwenye kuingia na aingie na hili: wenye nguvu humalizana wao kwa wao, na kwake hubaki yule ajuaye lini aseme na lini anyamaze.