Kwa Nini Ndoto Hutoroka Asubuhi

Hapo kale ndoto hazikujijia zenyewe. Zilitungwa. Katika kijiji kimoja cha mlimani palikuwa na chemchemi ambayo maji yake yalishika maneno. Aliyetaka ndoto aliyachota kwa kibuyu, akayanong'onezea alichotaka kuota, na kila aliyeyanywa kabla ya kulala aliota hayohayo. Waliogombana walinyweshwa kibuyu kimoja wakaamka wamepatana. Bibi harusi alitungiwa ndoto na mashangazi zake. Sheria juu ya jambo hilo haikuwapo, maana hapakuwa na aliyeona haja yake.

Mtunzi aliyewapita wote alikuwa Nakijwa, mke wa Mbonea. Ndoto zake zilikuwa na harufu. Ukiota ndizi zake zikichomwa, unaamka mate yamekujaa kinywani. Alikuwa na mabinti wawili: Namkunda, aliyekaribia kuvunja ungo, na Senzia, ambaye ndiyo kwanza alikuwa anajua kutumwa. Masika moja mto ulifurika ukamchukua Namkunda akivuka na mzigo wake wa kuni.

Matanga yalipoanuliwa, Nakijwa alikiinamia kibuyu akataja jina la mwanawe. Namkunda akaja, kuni kichwani, anacheka. "Mama, mbona unalia?" akamwuliza. Kesho yake Nakijwa alimnywesha mumewe naye, na Mbonea akaamka uso umemtakata. Siri ya namna hiyo haina kifuniko. Nantongwe, jirani yao mjane, alikuja akapiga magoti: "Nionee huruma, nitungie mume wangu." Nakijwa akamtungia. Wakaja na wengine, maana ni nyumba gani isiyokuwa na kaburi?

Kijiji kikalala. Watu waliamka ili wanywe tena tu. Ndege walikula mtama ukiwa shambani, ng'ombe walilia viwele vimewajaa, na walio hai wakawa kama wageni waliobisha hodi wakati mbaya.

Asubuhi moja Nakijwa aliguswa shavu na kiganja kilicholowa machozi. Alikuwa Senzia. Mkono wake wa pili ulikuwa umeungua mpaka kwenye kiwiko.

"Nimekuita sana, mama," mtoto alisema. "Baba naye haamki."

"Nani kakutuma jikoni?"

"Njaa." Kisha Senzia akauliza, "Mama, na mimi nikifa, utakuwa unakuja kuniona?"

Nakijwa aliinuka. Alimpaka asali palipoungua, akampikia uji, akamtazama akinywa hadi akashiba. Kisha alimbeba mgongoni akaenda kwa Kalaghe, mkuu wa baraza, akamwomba awaamshe watu wote. "Tunahitaji sheria," alisema, "na ianze na mimi."

Baraza lilikuwa zito. Nantongwe alisimama kwa hasira. "Wewe ndiye uliyenirudishia mume wangu. Leo unataka afe mara ya pili?"

"Dada yangu, hakurudi," Nakijwa alimjibu. "Yule ni maneno yangu. Husema ninayomtuma aseme. Hata mwanangu, sijamsikia akitamka neno moja ambalo sikulijua kabla."

Nantongwe aliketi. Kisha akasema kwa sauti ndogo, "Basi wasikatazwe kuja wenyewe, wakipenda."

Kalaghe alikubali. Wakashuka wote chemchemini, na hapo ndipo sheria ilipoapiwa, mikono ya watu ikiwa ndani ya maji: mtu asimtungie mwenziwe ndoto, wala asijitungie, marehemu asiitwe, ila akija kwa hiari yake apokelewe, na akiondoka asizuiwe, na ndoto, iwe tamu iwe chungu, isikivuke kizingiti cha asubuhi. Maji, yaliyozoea kushika maneno, yakayashika na hayo. Kila mtu akavunja kibuyu chake mwambani. Cha Nakijwa kilibaki cha mwisho, na ndani mlikuwa bado na funda moja. Alikikumbatia. Watu waligeuza nyuso zao wasimtazame. Mwishowe alikimimina, akakivunja, na maji ya chemchemi ile hayakuwa tena na ladha nyingine ila ya maji.

Miaka ikapita. Senzia akakua, akaolewa ng'ambo ya kilima. Nakijwa hakumwona Namkunda tena, na alikuwa ameacha kumtazamia, hadi alfajiri moja alipoamka akicheka kwa sauti. Akamtikisa mumewe.

"Namkunda amekuja! Amekuja mwenyewe, baba Senzia! Ameniambia..."

Mbonea akainuka kitandani, akangoja. Nje kulikuwa kunapambazuka. Nakijwa alibaki mdomo wazi, kama mtu aliyefungua kiganja akakuta ndege keshapaa.

"Amekwambia nini?"

"Sikumbuki," Nakijwa alisema, machozi yakimtiririka, na bado anacheka. "Lakini hayakuwa maneno yangu."

Na tangu sheria ile ilipoapiwa, ndoto hazitungwi. Huja zinapotaka, kila mtu na yake, hata wanaolala kitanda kimoja. Na jua likichungulia hutoroka na maneno yao. Ukiamka ukakuta imebaki furaha tupu, au jasho, na hujui vilikotoka, usirudi kulala ili uitafute. Amka. Wapo wanaokungoja.