Udi wa Nyumba Nyingine

Mmeniachisha kusuka ukili wa mkeka kwa hadithi hii hii tena? Haya. Ila mwisho wake msiniulize mimi, mtafuteni wenyewe.

Alikuwapo Faki, fundi cherehani, mwanamume wa kukonyeza hata kivuli kikivaa kanga. Mkewe, Mize, alijua kunyamaza. Mamake Faki, Bi Kazija, haoni, lakini pua yake humtambua mtu kabla hajapiga hodi. Na jirani yao Raya, bubu tangu kuzaliwa, hakuna mwendo wa mtu asioweza kuuigiza.

Mize alipoanza kumshuku mumewe, alifunga mdomo. Miezi miwili. Akimtaka ale, humwambia paka, "Wali uko chini ya kawa." Faki naye humjibu paka, "Mwambie nimeshiba." Mize anakula peke yake, analala na mto katikati ya kitanda. Kuchapwa na upweke angestahimili. Lililomla ni kutojua: mume anaye, au hana?

Ijumaa moja Faki akarudi, kanzu inanukia. Bi Kazija akainua pua.

"We Faki, huu si udi wa nyumba hii."

"Wa msikitini, mama."

"Msikitini wanatia sukari na asmini? Huu wa chumbani, baba."

Raya, aliyekuwa mlangoni, akaingia. Akatembea kwa ncha za vidole kama Faki, akakonyeza, akatanua miguu juu ya chetezo cha udi kisichokuwapo, akajizungusha moshi umpate vizuri. Kisha akanyoosha kidole dirishani, kwenye nyumba ya mjane wa mtaa wa pili.

"Anafanya nini?" akauliza Bi Kazija. "Mbona mimi hamniambii?"

Faki alimtazama mkewe, akingoja apige kelele, na yeye apige zake, atoke kwa hasira ashukuru Mungu. Mize akanyamaza. Akaendelea kunyamaza. Jasho likamtoka Faki.

"Nilikwenda," akamwambia paka. "Si mara moja."

"Lete doti mpya ya kanga," akahukumu mama. "Apewe aliyekufichua." Na papo hapo akajinyooshea mkono. Raya akajipiga kifua. Mize akakunja mkeka aliokalia, mkono hakuunyoosha. Alishajua alilotaka kujua.

Doti ingali juu ya kabati, haijakatwa. Mmoja alinusa, mmoja aliigiza, mmoja alinyamaza. Je, wewe ungempa nani?

Bishaneni. Faki mwenyewe alishalipa: mpaka leo anayemwitikia ni paka, na kanzu ya Ijumaa anaivaa inanuka jasho lake mwenyewe.