Tuzo ya Mkalimani

Kaeni vizuri. Mwenye kikohozi akohoe sasa, na anayejidai hodari wa kuamua mambo asogee mbele.

Palikuwa na mwigizaji wa Tabora, Mihambo Kapaya. Miaka ishirini na miwili alionekana runingani bila kujulikana: mlinzi wa geti, shehe wa harusi, maiti mara tatu. "Ya tatu nilikufa vizuri zaidi," alipenda kusema, "uzoefu huo!" Kisha akapewa kuigiza mkalimani wa mahakama. Mjane asiyejua Kiswahili anamtukana hakimu kwa Kinyamwezi. Mihambo anatafsiri kwa Kiswahili cha adabu tupu, huku uso wake ukilisema tusi zima. Nchi ilicheka, na mjane aliponyang'anywa shamba, ikalia. Tuzo ya mwaka ikawa ya Mihambo.

Watatu ndio waliomjenga.

Bibi yake, Nyamizi, alimpa Kinyamwezi. Jikoni kwake, aliyeomba ugali kwa Kiswahili aliutazama tu, hadi aombe kwa Kinyamwezi.

Mwalimu Chilumba alimpa Kiswahili. Alimpandisha juu ya dawati asome gazeti, na kila akimeza silabi: "Rudi, Kapaya! Umekula neno, na saa ya chakula bado."

Sikudhani Mwinyimvua, Mzaramo aliyeolewa Tabora, mtani wa ukoo, alimpa uso. Mihambo alikuwa na miaka tisa baba yake alipofariki. Watani nao, mnawajua msibani! Sikudhani akavaa koti la marehemu, akachechemea kama yeye, akamwinamia mtoto: "We Mnyamwezi, unamlilia nani? Si mimi hapa?" Waombolezaji wakaangua kicheko. Mihambo akamwona baba yake akikatiza uani mara ya mwisho, akajua kuwa mtu anaweza kumbeba mwingine mwilini mwake.

Sasa kosa. Jukwaani, nchi ikitazama, furaha ilimlevya akasema: "Tuzo hii si yangu! Ni ya yule aliyenifanya mkalimani. Namletea Jumapili, nyumbani kwa Bibi!" Jina hakutaja.

Jumapili akawakuta wote watatu barazani.

"Nimeshahamisha mtungi, mjukuu wangu, nimeitengea pahali," alisema Bibi.

Mwalimu alikuwa amekuja na kitambaa cha kuifungia, kimepigwa pasi.

"Mtani hanyimwi!" Sikudhani akadakia. "Mtaa mzima nimeshautangazia, mnataka nihame?"

Mihambo alisimama na tuzo yenyewe mkononi, kinyago cha mpingo, kifua kimejaa fahari. Bila Bibi, asingelielewa tusi. Bila Mwalimu, hakimu asingemwelewa yeye. Bila Sikudhani, sisi tusingeona kitu.

"Kikateni," akashauri jirani.

"Tuanze na ulimi wako," Bibi akamjibu.

Bibi amenyoosha mikono. Mwalimu amevua miwani, anajifuta macho. Sikudhani ameshashika kichwa cha kinyago, wala havuti, anangoja. Nanyi mnaonitazama hivyo, semeni: ungekuwa wewe ndiye Mihambo, ungemwachia nani?