Pikipiki Nyekundu na Faili Lisilo na Mwenyewe

Hapo zamani, na msiniangalie hivyo, zamani yangu ni ya mwaka juzi tu, palikuwa na ofisi moja mjini Korogwe iliyotangaza mtandaoni matokeo ya mitihani ya majaribio. Mimi shule niliiachia darasa la sita, lakini hili nitawaeleza hata nyie mliomaliza mlielewe.

Ofisi ilikuwa na kompyuta tatu za kubeba watu wanaoingia kwenye tovuti. Mbele yao ilikaa ya nne, mpanga foleni. Mtu akibisha anaambiwa: wewe nenda ya kwanza. Wewe ya pili. Wewe ya tatu. Anayefuata, rudi ya kwanza. Hakuna inayolemewa, hakuna inayolala. Na akili yote hiyo ya kugawa ilitoka kwenye faili moja dogo. Programu zote za mpanga foleni zililiazima, hakuna iliyolimiliki. Mnalijua fagio la uani kwenye nyumba ya wapangaji? Kila mtu analishika, lakini uliza la nani, unaonyeshwa mlango wa jirani. Basi ndilo hilo.

Mwenye ofisi, Bi Mwantumu, alinunua pikipiki nyekundu, plastiki bado iko kwenye kiti. Akasema, "Siku ya matokeo jua likizama tovuti iko wima, pikipiki hii ni ya aliyeisimamisha."

Mafundi walikuwa wawili. Zamoyoni, dada aliyetembea saa nzima kuja kazini, akaitazama ile pikipiki mpaka akasahau kusalimia. Na Mkude, ambaye kazi yake kubwa ilikuwa kunywa supu.

Ikafika Jumamosi ya mwisho wa mwezi, siku ya usafi. Mji mzima unafyeka nyasi na kuzibua mitaro. Bi Mwantumu akasema, "Na kompyuta nazo zisafishwe. Faili lisilo na mwenyewe, futa."

Zamoyoni akafika kwenye lile faili dogo. Halina jina la mtu.

"Mkude, hili lako?"

"Si langu."

"Mama, lako?"

"Mimi na mafaili wapi na wapi, mwanangu."

Akafuta. Mkude naye alipewa asafishe kompyuta kuukuu iliyokuwa chini ya meza. Akaifunika kanga, akaenda kwenye supu. Alisemwa kuanzia Jumamosi ile mpaka Jumatano.

Najua kuna mjuaji hapo nyuma anataka kuuliza mbona tovuti haikuanguka papo hapo. Tulia. Mpanga foleni alikuwa ameshalisoma, analo kichwani. Angelihitaji tena siku ya kuzimwa na kuwashwa.

Siku ya matokeo, saa tatu asubuhi, wazazi wa wilaya nzima wameshika simu. Umeme ukakatika. Ukarudi. Mpanga foleni akaamka, akatafuta faili, halipo. Wewe nenda ya kwanza. Wewe pia ya kwanza. Nyote ya kwanza. Ya kwanza ikalala chali. Ya pili imekaa. Ya tatu imekaa.

"Tovuti imelala," akasema Mkude, kama anatangaza mawingu.

"Nina mwalimu mkuu sikio hili na mwalimu mkuu sikio hili," akasema Bi Mwantumu. "Na nyie mnanitazama."

Zamoyoni akasoma maandishi kwenye kioo, akashika kichwa. "Ni lile faili. Nimelifuta mimi." Akampigia Semkiwa, fundi wa zamani aliyeacha kazi akafungua banda la chipsi, kumbe ndiye aliyeliandika. "Kaka, una nakala?"

"Dada, mafuta yananichemkia. Nakala sina. Ila niliwahi kuiweka kwenye ile kompyuta ya chini ya meza. Kama na hiyo mmeisafisha, njooni mle chipsi."

Wakafunua kanga. Faili lipo, na vumbi lake. Zamoyoni akalibeba kwa flashi, akalirudisha, akazima, akawasha. Wewe ya kwanza. Wewe ya pili. Wewe ya tatu. Jua likazama, tovuti iko wima.

Semkiwa akaja na aproni yake. "Bila mimi lisingeandikwa. Ufunguo lete huku."

"Ungeandika jina lako nisingelifuta," akasema Zamoyoni. "Bila mimi lisingerudi. Miguu yangu imechoka, ufunguo lete huku."

"Ulizima moto uliouwasha mwenyewe," akasema Mkude. "Bila mimi lisingekuwepo la kurudisha. Lete huku."

"Wewe ulifanya nini? Ulikunywa supu."

"Na supu imeokoa wilaya. Halafu jamani, aliyesema faili lisilo na mwenyewe lifutwe ni nani?"

Bi Mwantumu akakohoa. Akautundika ufunguo kwenye msumari mlangoni, akasema ataamua kesho.

Kesho hiyo mpaka leo haijafika. Zamoyoni anaiendesha pikipiki asubuhi, Semkiwa anabebea viazi, Mkude anaifuatia supu. Uliza ni ya nani, unaonyeshwa jirani. Na Jumamosi hii ni siku ya usafi, na kitu kisicho na mwenyewe kwenye ofisi ile mnajua kinafanywaje.

Kwa hiyo semeni upesi, nyie wasomi: aliyeandika, aliyefuta akarudisha, au aliyekwepa kazi? Je, pikipiki iandikwe jina la nani?