Maswali ya Nyamizi

Zamani, watu walipoamini kwamba wako wenzao wanaogeuka fisi usiku, palikuwa na tajiri aliyeitwa Kapembe. Kisima pekee cha kijiji kilikuwa chake. Siku moja alimwendea baba yake Nyamizi, akamwambia, "Nipe binti yako nimwoe. La sivyo, nyumba hii haitachota tena maji kwangu."

Nyamizi akatoka ndani, akapiga magoti, akamwamkia mgeni.

"Nimesikia, bwana. Naomba niulize machache ya huko niendako. Una mbwa?"

"Ninao, tena wakali."

Nyamizi akasikitika. "Usiku huwa wamefungwa?"

"Huachwa huru. Kwani vipi?"

"Basi tu. Mkishakula nyama, mifupa mnaitupa wapi?"

"Jaani, nyuma ya nyumba."

"Afadhali. Na makaburi yako mbali?"

Kapembe akasogeza kigoda chake nyuma. "Makaburi gani?"

"Ya watu, bwana. Hasa yale mapya."

Kapembe akageuka, akaitazama njia aliyojia.

"La mwisho," Nyamizi akasema kwa upole. "Wewe ukilala, hulala fofofo?"

Kapembe akainuka, akaisahau hata fimbo yake. Alipofika mbali kidogo akapaza sauti: "Binti abaki kwenu! Maji choteni mpendavyo, ila mje mchana!"

Baba akamtazama binti yake, akajivuta kando. "Mwanangu, haya umeyaanza lini?"

"Yapi, Baba? Mimi nimeuliza tu. Majibu amejipa mwenyewe."